Kanisa la Mkunazini: ramani ya Mwingereza, matumbawe ya pwani, na njia iliyoanzia Ujiji

Walioko Kalinzi najua baridi inawapiga, na wa Ujiji na Kigoma mjini mnatokwa jasho tu hapo mlipo. Leo naomba siasa tuziweke pembeni. Nataka tuongee habari za jengo.

Nianze na la nyumbani. Kigango kimoja kule milimani kwetu (sikitaji, wenyewe wanajijua) kilibomoa kanisa lake la zamani la matofali ya kuchoma. Kuta zilikuwa na nyufa, bati limeoza, waumini wameongezeka. Wakaamua kujenga jipya. Sina ugomvi na hilo, watu lazima wasali pasipovuja. Kilichoniuma ni kitu kingine. Nilimfuata mzee mmoja wa pale.

"Shikamoo mzee. Hivi lile kanisa la zamani lilijengwa mwaka gani?"

"Marahaba mwanangu. Aa, zamani sana hilo. Mimi mwenyewe nililikuta."

"Nani walijenga?"

"Mama zetu ndio walibeba matofali kichwani. Mafundi walitoka huko huko."

Majina ya hao mama? Hakuna. Picha? Hakuna. Daftari? Labda lilikuwepo, likaliwa na mchwa. Yaani jengo limesimama miaka yote hiyo, limebatiza watu, limezika watu, halafu ndani ya wiki moja limekuwa kifusi na hakuna hata mstari mmoja uliobaki.

Nikakumbuka safari yangu ya Zanzibar. Nilienda kwa ajili ya harusi ya binamu yangu, kwa treni mpaka Dar na kisha boti. Siku moja kabla ya sherehe nikaingia Kanisa Kuu la Kristo, lile la Waanglikana pale Mkunazini, Mji Mkongwe. Nilidhani nitakaa dakika kumi. Nilikaa nusu siku. Sababu ni kwamba lile kanisa lina deni na sisi watu wa ziwa, na ukijua kulisoma, linakwambia lenyewe. Haya, twende pamoja.

Kwanza, kanisa la Kiingereza ni kitu gani?

Mkunazini ni kanisa kuu, yaani la askofu, siyo kanisa la parokia. Lakini aliyelijenga alikuwa Mwingereza, na kichwani mwake alikuwa na picha ya makanisa ya kijijini kwao. Bila kuijua hiyo picha hutaelewa alichokifanya.

Ukienda Uingereza leo, karibu kila kijiji cha zamani kina kanisa la mawe lililojengwa enzi za kati, tuseme kati ya mwaka 1000 na 1500. Ramani yake kwa kawaida ni rahisi. Kuna ukumbi mrefu wa waumini. Mbele yake, mara nyingi upande wa mashariki, kuna sehemu nyembamba zaidi yenye altare, ambayo ilikuwa ya padre. Karibu na mlango wa magharibi kuna birika la ubatizo, kwa maana kwamba mtu anaingia Ukristo kama anavyoingia mlangoni. Na kwa kawaida kuna mnara wa kengele.

Umri wake unaweza kuubashiri kwa kuangalia matao ya milango na madirisha. Tao la nusu duara, kama jua linapochomoza, mara nyingi ni la kabla ya miaka ya 1200. Kanisa la Iffley karibu na Oxford, lililojengwa katika nusu ya pili ya miaka ya 1100, linasifika kwa matao ya namna hiyo. Baadaye wakaja na tao lenye ncha juu, kama viganja viwili vinavyokutana wakati wa sala. Huo ndio mtindo unaoitwa Gothiki. Ile ncha siyo urembo tu. Tao lenye ncha linapeleka uzito chini zaidi na kusukuma pembeni kidogo, kwa hiyo fundi anaweza kwenda juu na kufungua madirisha makubwa.

Na paa? Makanisa mengi ya vijijini yaliezekwa kwa mbao, hasa za mwaloni, miti mirefu na migumu. Paa la mawe lilikuwa ghali, likaachiwa makanisa makubwa. Shika hilo la mbao ndefu, tutalirudia.

Kuna jambo jingine la hao Waingereza ambalo mimi linanitia wivu. Mwaka 1538 serikali yao iliagiza kila parokia iwe na daftari la ubatizo, ndoa na mazishi. Siyo yote yaliyopona, lakini yaliyopona ni mengi. Mtu wa kawaida kabisa, mkulima, anaweza kufungua na kukuta jina la babu yake wa miaka 400 iliyopita. Siyo kwamba wao wana historia na sisi hatuna. Wao waliandika.

Na sisi enzi hizo tulikuwa tunajenga nini?

Hapa vijana wengi huwa tunakosea. Tunadhani wakati Mwingereza anajenga kanisa la mawe, huku kwetu kulikuwa na vichaka tu. Siyo kweli, jamani.

Nenda Kizimkazi, kusini mwa Unguja. Kuna msikiti ambao kibla chake kina maandishi ya Kiarabu yanayotaja mwaka 500 wa Hijra, sawa na 1107. Sehemu kubwa ya jengo ilijengwa upya karne ya 18, lakini maandishi yapo. Maana yake ni kwamba yalichongwa kabla kanisa la Iffley halijaanza kujengwa.

Nenda Kilwa Kisiwani. Msikiti Mkuu wa pale sehemu yake ya kwanza ni ya karne ya 11 au 12, kisha ukapanuliwa sana karne ya 14 wakati wa Sultani al-Hasan bin Sulaiman. Ibn Battuta, msafiri wa Morocco, alifika Kilwa mwaka 1331 akausifu mji. Na ule upanuzi wa msikiti uliezekwa kwa kuba na mapaa ya mviringo yaliyojengwa kwa matumbawe na chokaa. UNESCO iliweka magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara katika Urithi wa Dunia mwaka 1981.

Kwa hiyo pwani ilikuwa na shule yake ya ufundi. Jiwe ni la matumbawe, linachimbwa ardhini au linatolewa baharini. Chokaa inapatikana kwa kuyachoma matumbawe kwenye tanuu la magogo, kisha unamwagia maji na kuyaacha yalale. Paa la nyumba ya kawaida ni boriti za mikoko zilizopangwa, juu yake mawe, juu yake chokaa iliyopondwapondwa mpaka inashika.

Tatizo liko kwenye boriti. Mkoko haukupi mti mrefu. Ndiyo maana ukiingia nyumba za zamani za Mji Mkongwe, vyumba ni virefu lakini vyembamba, upana kama mita tatu hivi. Siyo kwamba walipenda kubanana. Boriti ndiyo iliyoamua.

Sasa fikiria: anakuja Mzungu anataka ukumbi mpana wa kanisa, mahali ambapo mti wa kuuezeka haupo. Afanye nini?

Njia iliyoanzia kwetu

Kabla sijajibu, turudi Ujiji kidogo, maana bila Ujiji lile kanisa lisingekuwa pale lilipo.

Karne ya 19 njia kubwa ya misafara ilitoka Ujiji, ikapita Tabora, Mpwapwa, ikaishia Bagamoyo, kama kilomita 1,200 hivi. Mwaka 2006 Tanzania iliipendekeza UNESCO katika orodha ya awali ya Urithi wa Dunia. Reli ya kati, iliyofika Kigoma mwaka 1914, kwa sehemu kubwa inafuata mwelekeo huo huo. Yaani ukipanda treni pale Kigoma unapita walikopita wao, ila wewe umekaa.

Niseme ukweli hapa, maana huwa tunapigwa chumvi sana. Njia yetu ilibeba zaidi pembe za ndovu, na wapagazi wengi walikuwa Wanyamwezi waliolipwa ujira. Watumwa wengi waliofika soko la Zanzibar walitoka upande wa kusini, Ziwa Nyasa, wakapitia Kilwa. Lakini watu waliuzwa Ujiji pia, wengi wao wakitokea Manyema, ng'ambo ya ziwa, Kongo ya leo. Wengine walibaki hapo hapo Ujiji na Tabora, wengine wakaendelea mpaka pwani. Ukitembea Ujiji leo, baadhi ya mnaowaita majirani ni wajukuu wa hao.

Sasa mwaka 1871. Dk. David Livingstone yuko Nyangwe, huko Manyema, anaona kwa macho yake watu wanapigwa risasi sokoni, mwezi Julai. Wengi walikuwa wanawake waliokuja kuuza vyakula. Akarudi Ujiji mgonjwa, hana kitu. Ndipo Henry Morton Stanley akamkuta pale kwenye mwembe, stori ambayo kila mtoto wa Kigoma anaijua. Kinachosahaulika ni kilichofuata. Stanley alipoondoka mwaka 1872 alibeba shajara na barua za Livingstone. Habari za Nyangwe zikachapishwa, Uingereza ikachemka. Mapema mwaka 1873 serikali yao ikamtuma Sir Bartle Frere Zanzibar kumbana Sultani Barghash. Barghash alikataa. Wakatishia kuzuia meli zisiingie wala kutoka. Tarehe 5 Juni 1873 akasaini: hakuna tena kusafirisha watumwa kwa bahari, na masoko ya watumwa yafungwe.

Livingstone hakuziona habari hizo. Alikuwa ameshafariki kijijini kwa Chitambo, Zambia ya leo, mwanzoni mwa Mei mwaka huo huo.

Na tusidanganyane kwamba utumwa uliisha siku hiyo. Kilichofungwa ni soko. Utumwa wenyewe kisheria uliondolewa Zanzibar mwaka 1897, na Tanganyika mwaka 1922.

Askofu fundi

Soko la mwisho la wazi lilikuwa pale Mkunazini. Lilipofungwa, wamisionari wa UMCA, misheni iliyoanzishwa baada ya hotuba ya Livingstone pale Cambridge mwaka 1857, waliharakisha kupata kiwanja. Sehemu ilinunuliwa na mmisionari mmoja, na sehemu nyingine ilitolewa na mfanyabiashara wa Kihindu, Jairam. Ndiyo, mmesoma vizuri: Mhindu, mjini kwa Sultani Mwislamu, anatoa ardhi ya kujengea kanisa la Waingereza. Zanzibar bwana.

Jiwe la msingi liliwekwa siku ya Krismasi, 25 Desemba 1873, miezi sita tu baada ya soko kufungwa. Msimamizi wa kazi alikuwa Edward Steere, aliyepewa uaskofu mwaka 1874. Huyu mzee wanafunzi wa Kiswahili wanamjua kwa jambo jingine. Ndiye aliyetoa kitabu cha kujifunzia Kiswahili na mkusanyiko wa hadithi za Unguja, vyote mwaka 1870. Mtu wa sarufi, lakini pale kiwanjani alisimama mwenyewe na mafundi.

Na hapo ndipo swali la paa lilipomkuta. Mbao ndefu kama za mwaloni hakuna. Boriti za mikoko ni fupi. Kuleta mbao kutoka nje ni gharama, na mchwa wetu mnaujua. Steere akaamua kujenga paa la mviringo. Chukua pipa, lipasue katikati kwa urefu, lifunike juu ya kuta mbili. Hilo ndilo paa la Mkunazini. Alilitengeneza kwa matumbawe yaliyopondwa yakachanganywa na saruji ya Portland iliyokuja kwa meli.

Watu wakasema litaanguka. Na hofu yao ilikuwa na msingi, maana paa la namna hiyo halikai tu juu ya ukuta, linausukuma ukuta kwa nje. Ukitaka kuelewa, chukua kitabu, kifungue katikati, kisimamishe juu ya meza kama paa, halafu kibonyeze kwa juu. Kingo mbili zinateleza kwenda pembeni. Basi kuta lazima ziwe nene na nzito za kuweza kulizuia lisiteleze.

Halikuanguka. Ibada ya kwanza ilifanyika Krismasi ya 1877, kazi bado inaendelea, na kufikia 1880 hivi jengo likawa limekamilika. Paa lipo mpaka leo. Waliosema litaanguka huenda hawakuwahi kufika Kilwa, ambako mafundi wa matumbawe waliziba nafasi kwa mapaa ya mviringo karne nyingi kabla.

Steere alifariki Agosti 1882. Amezikwa nyuma ya altare ya kanisa alilolijenga.

Ukiingia ndani, angalia hivi

Madirisha yana ncha. Huo ni Uingereza, Gothiki ile ile niliyoieleza. Lakini simama uangalie uso wa kuta, namna chokaa ilivyoshika na jiwe lilivyo na vitobo vitobo. Hiyo ni pwani. Yapo pia mapambo yanayokumbusha majengo ya Kiarabu ya mji ule. Ramani ilitoka ng'ambo, lakini jiwe lilichimbwa hapa na likakamatwa na mikono ya hapa.

Karibu na mlango mkuu kuna nguzo zilizowekwa kichwa chini miguu juu. Yaani sehemu pana inayotakiwa kuwa chini iko juu. Wenyeji wanasimulia kwamba Askofu alisafiri, mafundi wakazisimamisha wanavyojua, aliporudi akaamua ziachwe hivyo hivyo. Watalii hucheka wakisikia. Mimi sikucheka sana. Nilifikiri: hii ndiyo sahihi pekee ya hao mafundi. Steere ana kaburi nyuma ya altare. Mafundi wana nguzo za kichwa chini. Majina yao hayapo.

Mbele ya altare, sakafuni, kuna alama ya duara. Wanasema hapo ndipo ulipokuwa mti ambao watumwa walifungwa na kuchapwa wanunuzi wakiangalia nani mvumilivu. Kwenye nguzo kuna msalaba mdogo wa mbao. Mbao hizo zilitoka kwenye mti wa kule kwa Chitambo, ule ambao chini yake ulizikwa moyo wa Livingstone kabla akina Susi na Chuma na wenzao hawajaubeba mwili wake kwa miguu mpaka Bagamoyo. Walifika mwanzoni mwa 1874. Mtu aliyetoka Ujiji ni mgonjwa, mti wa Zambia, soko la Unguja: vyote vimekutana kwenye nguzo moja. Hapo nilikaa chini.

Jambo jingine ambalo waongozaji huliruka. Mwaka 1864 Sultani Majid aliwakabidhi wamisionari wavulana watano waliokamatwa kwenye jahazi la watumwa. Mmoja wao, John Swedi, akawa shemasi mwaka 1879, wakati mafundi bado wako kwenye kanisa hilo. Na mwaka 1890 Cecil Majaliwa, Myao aliyewahi kuuzwa utumwani akiwa mtoto, akawa padre wa kwanza Mwafrika wa misheni hiyo. Mtoto aliyepigiwa bei Zanzibar amepewa upadre Zanzibar. Kama kuna sababu ya kuingia lile jengo, kwangu ni hiyo.

Sasa vile vyumba vya chini

Hapa najua nitatukanwa, lakini acha niseme. Nje ya kanisa kuna jengo la hosteli, na chini yake kuna vyumba viwili vya giza, dari chini, unainama. Kijana aliyenitembeza akaniambia, "Kaka, humu waliwekwa watu 75, siku tatu, bila maji, kabla ya kupelekwa sokoni." Mtu akitoka pale anatoka machozi.

Tatizo ni hili. Jengo lililo juu ya vyumba hivyo lilijengwa na misheni baada ya soko kufungwa. Kuna wanahistoria wanaosema kwamba vyumba vile ni sehemu ya jengo hilo hilo, stoo za chini, havikuwahi kuweka mtumwa hata mmoja. Wengine wanaendelea kushikilia simulizi la zamani. Mimi nikiangalia jengo naona hoja ya wanaopinga ina nguvu: huwezi kujenga chumba cha chini halafu ukakitumia kabla hakijajengwa.

Je, hii inafuta utumwa? Hapana! Soko lilikuwepo, mkataba upo, wavulana watano wana majina, njia ya Ujiji ipo. Ndiyo maana sioni sababu ya kuongeza chumvi. Ukweli unatosha kumliza mtu. Ukichanganya na jambo lisilosimama, siku mtu akiligundua moja atayatilia shaka yote.

Kama unataka mahali pa kunyamaza, pale uani kuna mnara wa kumbukumbu uliotengenezwa na msanii wa Sweden, Clara Sörnäs, mwishoni mwa miaka ya 1990. Sanamu za watu watano wamesimama kwenye shimo, minyororo shingoni. Haudai kuwa gereza la kale. Ni kumbukumbu, na inajitangaza hivyo.

Kusimama siyo bahati

Matumbawe na chokaa vina adui mkubwa, maji. Paa likivuja, chumvi inasafiri ndani ya ukuta, inapasua plasta, chokaa inakuwa unga. Na mtu akiziba ufa kwa saruji ngumu juu ya ukuta wa chokaa, anaweza kuongeza ugonjwa, maana ukuta ule unahitaji kupumua, na saruji inaufungia unyevu ndani.

Mkunazini lilifika hali mbaya, likafanyiwa ukarabati mkubwa kwa ushirikiano wa Dayosisi ya Zanzibar, World Monuments Fund na fedha za Umoja wa Ulaya. Kufikia mwaka 2016 kazi ilikamilika, na kituo cha maonyesho ya historia ya utumwa kikafunguliwa hapo hapo.

Sasa linganisha. Kutembea dakika chache tu kutoka pale ndipo ilipo Beit al-Ajaib, jumba la Sultani Barghash la mwaka 1883. Tarehe 25 Desemba 2020, siku ya Krismasi, sehemu kubwa ya mbele ya jumba hilo iliporomoka wakati ukarabati ukiendelea, na watu wakapoteza maisha. Majengo mawili ya zama moja, mji mmoja, bahari moja. Moja liliwahiwa. Jingine lilichelewa.

Turudi Kalinzi

Najua kuna atakayeandika hapo chini: "Kaka, sisi tunahangaika na bei ya kahawa, wewe unatuletea habari za makanisa ya Wazungu." Sawa. Lakini soma tena nilichosema. Lile siyo kanisa la Wazungu tu. Askofu alileta ramani. Jiwe, chokaa na mikono ni vya pwani. Kiwanja kilitoka kwenye biashara iliyouza watu, wengine walipita Ujiji. Na shinikizo la kulifunga soko lilibebwa kwenye barua zilizotoka chini ya mwembe wetu. Tumo mle ndani. Hatujaandikwa tu.

Na hilo la kuandikwa halihitaji mfadhili. Kigango chenu, msikiti wenu, shule ya msingi mliyosoma, ghala la chama cha ushirika, vyote hivyo vina umri na vina watu waliovijenga. Wengine bado wako hai, wamekaa barazani wanaota jua. Mwulize bibi yako alifyatua tofali wapi, udongo ulichimbwa bonde gani, fundi alitoka Heru au Burundi, siku ya kuezeka walikula nini. Andika jina, andika mwaka, piga picha hata kwa simu ya kuazima. Jengo likibomolewa kesho, angalau halitakufa mara mbili.

Mimi nimeanza. Nimerudi kwa yule mzee wa kigango na daftari la kurasa 96. Safari hii sikuuliza mwaka, niliuliza: "Mzee, wakati wanajenga, wewe ulikuwa unafanya nini?" Kumbe alikuwa mtoto, alikuwa anapeleka maji ya kukandia udongo. Akaanza kutaja majina. Mpaka jua linazama alikuwa amefika kumi na saba, na ameniambia nirudi Jumapili, kuna wengine anaendelea kuwakumbuka.

Haya wadau, uwanja ni wenu. Kwenu kuna jengo gani la zamani, na nani bado yupo anayekumbuka lilivyojengwa? Tupia hapo chini. Ila tukubaliane: kama una uhakika sema una uhakika, kama ni la kusikia sema umesikia. Tusije tukajenga vyumba vya chini na sisi.